Mlima wa Mvuke na Waya Nilioufunga Mimi

Ifrah,

Assalaamu alaykum. Salamu nakupa kwa sababu ni haki ya Mwislamu hata kwa mtu uliyemkasirikia, na mimi nimekukasirikia tangu siku ile ya wageni. Usitafute humu maneno ya kukubembeleza. Hooyo wako, kama mama yeyote, anayo mengi, na amekuwa akiyamwaga tangu Ijumaa huku akishindilia nyirinyiri kwenye mkebe, utadhani huko Indonesia watu hawajawahi kuona nyama.

Sasa ni baada ya alasiri. Nimekaa barazani na daftari lako la zamani la hesabu, lile lenye kurasa tupu nyuma. Wewe na hooyo mko sokoni mkitafuta sanduku lenye magurudumu. Mkirudi mtanikuta kimya, na kama kawaida mtanong'onezana kwamba mzee amenuna. Ni kweli nimenuna.

Naandika kwa Kiswahili kwa sababu Kisomali changu ni cha mdomo, na mdomo wangu unaujua. Ukikaa mbele yangu, sentensi ya pili tayari nafoka, ya tatu unafoka wewe, maana hasira uliirithi kwangu pamoja na haya meno yaliyoachana. Kuandika nilifundishwa shuleni, kwa Kiswahili, kwa kiboko. Kalamu inanilazimisha niende polepole.

Mambo ya kitambulisho pale kwenye kizuizi cha polisi darajani, pasipoti, sweta, na nani atakupokea Nairobi kabla ya kwenda uwanja wa ndege, yote umeambiwa mpaka umechoka. Sitayagusa. Nina jambo langu, nami nitalifikia, ila nitapita kwanza kwenye yale yanayoniudhi.

Tuanze na wageni. Sebule yetu hapa Iftin ilijaa mpaka viatu vikafika mlango wa jirani. Eeddo wako Halima, dada yangu huyo asiyejua kunyamaza, alikuja na halwa na vigelegele. Wazee wawili wa msikitini walikuja na dua. Kila aliyeingia alisema mashallah, binti anakwenda kusoma milima ya moto, mashallah. Hakuna hata mmoja aliyeuliza milima hiyo inafanya nini.

"Na ni nchi ya Waislamu wenzetu," alisema Halima. "Hata nyama ni halali."

Nikamwambia mlima haumuulizi mtu dini yake. Alinitazama kama nimetemea mate halwa yake.

Kisha mzee mmoja akakuuliza hasa utakuwa unafanya kazi gani, nawe uso ukakuchangamka. Nakiri ulieleza vizuri. Ulisema milima ya moto haifanani. Kuna inayomwaga lava taratibu, hata bibi mwenye mkongojo anaweza kuiondokea. Kuna inayorusha jivu juu mpaka ndege zinakatazwa kupita. "Na kuna hii yetu," ukasema.

"Hii yenu," nikasema mimi.

"Hii yetu, Aabo. Hailipuki kwa lava. Inalipuka kwa maji."

Watu walicheka. Hapa kwetu mtu hufa kwa kukosa maji, au Tana ikifurika hufa kwa maji mengi, lakini maji kupasua mlima hatujawahi kusikia. Yule mzee akasema maji ni baraka, usiyasingizie. Ukachukua birika la chai na kifuniko chake, ukawaonyesha. Moto uko chini sana, hauji juu. Mvua inanyesha, maji yanazama kwenye nyufa, yanakutana na mwamba wenye joto. Juu yake udongo na kiberiti, ile salfa ya njano, vimegandamana, vimeziba kila upenyo. Maji yanazidi kupata joto lakini hayawezi kuchemka, kwa sababu yamebanwa. Halafu siku moja kitu kidogo kinasogea, pengine ufa tu, na maji yote yanageuka mvuke kwa mara moja, yakitaka nafasi mara elfu na zaidi ya ile yaliyokuwa nayo.

"Na nafasi hiyo hakuna," ukasema, ukakibonyeza kile kifuniko kwa kiganja.

Nikakuuliza vifaa vyenu vinawaambia lini. Ukasema wakati mwingine siku kadhaa, wakati mwingine dakika chache, wakati mwingine havisemi kitu. Nikakuuliza wewe utakuwa wapi. Ukasema kazi yako itakuwa kuchota maji ya ziwa na kupima gesi. Nikauliza ziwa liko wapi.

"Ndani ya kreta, Aabo."

"Yaani juu ya kifuniko."

Ukatabasamu lile tabasamu la kumtuliza mtoto. "Aabo, wacha ku-panic. Si kila kitu ni qadar? Siku yangu ikifika, hata hapa Iftin itanipata tu."

Wote wakaitikia kwa sauti moja kwamba umesema kweli. Mimi nikainuka, kikombe kikapinduka, nikatoka nje nikawaacha. Najua mlichosema nyuma yangu. Halima alisema naona aibu binti yangu kwenda mbali bila mume. Hooyo wako alisema ni sukari, imepanda. Uongo mtupu. Nilitoka kwa sababu ya neno moja ulilolitamka, na ulilitamka kwa sauti yangu mimi.

Usinielewe vibaya. Naamini qadar, mema yake na machungu yake, na anayesema baba yako haamini aje aniambie usoni. Lakini kuna watu wanalisema neno hilo baada ya kufanya kila walichoweza, na kuna watu wanalisema ili wasiulizwe. Mimi ni wa kundi la pili. Nimekuwa humo tangu kabla hujazaliwa.

Zile karatasi ulizoniletea za huo mlima wako nimezisoma, ingawa nilikwambia sina haja nazo. Nimezisoma mara tatu kwa miwani ya hooyo wako. Nimeuchukia mlima wako kwa kila ukurasa. Ule mwingine wa lava angalau ni adui anayekuja mchana na ngoma zake. Huu wako ni mnafiki. Anavaa ziwa la rangi nzuri, watu wanakuja kupiga picha. Akilipuka hatoi hata jiwe jipya, anarusha yaleyale mawe ya zamani, matope na kiberiti, kwa dakika chache tu, halafu anatulia kana kwamba si yeye. Na karatasi zinasema wazi kwamba mara nyingi mlipuko wenyewe ni mdogo, mdogo sana ukilinganisha na ile mikubwa, na kwamba aliye kijijini chini anaweza hata asijue. Anayekufa ni aliyesimama ukingoni. Ni mtalii, ni mchimba kiberiti, ni msomi mwenye chupa yake. Nilipofika hapo niliivua miwani.

Sasa nifike kwenye jambo langu.

Unajua kwamba kabla ya kuajiriwa ofisi ya maji nilifanya kazi kwenye rigi ya kuchimba visima. Nimekusimulia habari za rigi mara nyingi, zile za kuchekesha. Kisima kimoja hujawahi kusikia nikikitaja. Kilikuwa upande wa Ijara, mwaka mmoja wa kiangazi kibaya, ng'ombe wakianguka na kubaki pale walipoangukia. Tulikuwa tumechimba siku nne. Watu walikuja na mifugo yao wakatuzunguka, hawakuondoka, wakalala palepale wakitutazama. Wewe hujui maana ya kufanya kazi huku ng'ombe mia kadhaa wenye kiu wanakutazama mgongoni.

Rigi ile ilichimba kwa hewa. Kompresa inasukuma hewa chini ya shimo kwa presha kubwa, na hewa inapanda na vumbi, na ukibahatika inapanda na maji. Kompresa ina tangi, na tangi lina valvu ndogo ya usalama. Presha ikizidi, valvu inafunguka yenyewe, inapiga mluzi, inapunguza. Kazi yake ni hiyo tu. Mimi ndiye niliyekuwa msimamizi wa kompresa.

Siku ya nne valvu ilianza kupiga mluzi kila dakika. Kila ikifunguka tunapoteza presha, na shimo lilikuwa refu, bila presha hakuna kinachopanda. Bosi wetu, mtu wa bara, alikuwa amekwenda na gari kutafuta dizeli. Wazee wakanijia. Mmoja wao, marehemu sasa, alinifokea kwa Kiswahili makusudi ili vibarua wote wa bara wasikie: "Maji iko wabi? Wewe nacheza na bombi, ng'ombe nakufa! Wewe mtoto ya nani? Baba yako najua wewe iko hifi?"

Nilikuwa na miaka ishirini na saba na mdomo huu huu. Nilimjibu kwamba atapata maji kabla ya swala ya adhuhuri. Niliapa, mbele ya watu. Halafu nikachukua kipande cha waya wa kufungia vyuma, nikaizungushia valvu ile mara tatu, nikakaza kwa koleo. Mluzi ukakoma. Sindano ya kipimo cha presha ikaanza kupanda, nami nikajiona mwanamume.

Nilihitaji mtu wa kushikilia bomba la mpira pale linapoungana na rigi, maana lilikuwa linatikisika. Adeer wako Dahir, mdogo wangu, alikuwa pale. Hakuwa mfanyakazi wetu. Alikuwa amekuja na ng'ombe wa baba yetu, kijana wa miaka ishirini na mbili, amechumbia na mahari imezungumzwa. Nilimwita. Hakujitokeza mwenyewe, Ifrah. Nilimwita kwa jina, nikamwambia, "Walaal, njoo shika hapa, dakika tano tu."

Dakika tano hazikufika. Kiungo cha chuma kiling'oka. Sikusikia mlio, nilisikia kifua kikipigwa. Vumbi lilipotulia ng'ombe walikuwa wametawanyika na Dahir amekaa chini, ameketi kabisa kama mtu anayesubiri chai, damu ikimtoka kwenye jicho la kushoto na kwenye masikio yote mawili. Aliniuliza kitu. Nikamjibu. Akaniuliza tena kilekile, kwa sauti kubwa zaidi, na hapo ndipo nilipojua kwamba hanisikii.

Hakusikia tena mpaka leo.

Nitakwambia nilichofanya kwanza, kabla ya kumnyanyua ndugu yangu. Nilikwenda kwenye kompresa nikaufungua ule waya. Niliutia mfukoni, ndipo nikamkimbilia. Hiyo ndiyo sehemu ambayo sijawahi kumwambia mtu, hata hooyo wako.

Jioni wazee walikaa kivulini mwa lori. Bosi alikuwa amerudi na alitaka kujua kilichotokea. Kama aliyeumia angekuwa mtu wa ukoo mwingine, wangeuliza maswali mpaka asubuhi, kwa sababu kungekuwa na mag, fidia ya ukoo kwa ukoo, ya kulipwa, ngamia kadhaa kwa jicho, ngamia kadhaa kwa masikio, na hakuna anayetoa ngamia bila kujua kosa ni la nani. Lakini sisi ni watoto wa baba mmoja. Mag haitoki mfuko wa kulia ikaingia wa kushoto. Kwa hiyo hawakuwa na sababu ya kuchunguza. Yule mzee aliyenifokea asubuhi ndiye aliyemjibu bosi: "Hakuna mtu ya kulaumu. Hii ni qadar. Fijana wawili ni ndugu moja. Wewe endelea na kasi."

Wote wakaitikia, haqq, haqq. Na mimi nikaitikia.

Maji yalitoka siku mbili baadaye, matamu, na kisima kile bado kinanywesha watu. Nimewahi kusifiwa kwa ajili yake.

Uchumba wa adeer wako ulivunjika mwezi uleule. Baba wa msichana alisema hataki mkwe wa kupigiwa kelele. Dahir alimshukuru Mungu, akahamia kwangu, na hakuoa tena. Unamjua kwa yaliyobaki. Ndiye aliyekubeba mgongoni kukupeleka duksi kusoma Qurani ulipokuwa umetoka kwenye homa ya mifupa. Ndiye aliyekufundisha kusoma midomo kabla ya kusoma herufi, mkawa mnatusengenya mezani bila sauti. Kila ukimuuliza jicho lilikwendaje alikwambia qadar ya Mungu, alhamdulillah, nawe ukakua ukidhani hiyo ndiyo hekima. Ulilipata wapi lile jibu ulilonipa mbele ya wageni? Kwake. Na yeye alilipata kwangu, na mimi nililipata kivulini mwa lori nikiwa na waya mfukoni.

Kwa hiyo usishangae kwamba kikombe kilipinduka.

Nimekosea mengine. Nilimwambia mwalimu wako wa kidato cha nne kwamba utasomea uuguzi bila kukuuliza, na nikakununia miezi miwili ulipokataa. Nilimpiga kaka yako kwa kuvunja redio ambayo niliivunja mimi. Ukitazama vizuri utaona ni kosa lilelile linajirudia, mtu anayeziba mluzi kwa sababu unamuudhi. Nimekuwa nikikasirika maisha yangu yote, na kila aliyejaribu kuniuliza kwa nini nilimfanya ajute kuuliza. Hooyo wako aliacha kuuliza zamani.

Sikuandikii ili usiende. Ningetaka usiende, hilo nalisema bila haya, lakini wewe si wa kuzuiwa na tiketi imekatwa. Nakuandikia kwa sababu siogopi mlima peke yake. Naogopa mtu. Kule kutakuwa na mtu mkubwa kwako, profesa au mkuu wa kituo, pengine mtu mwema kabisa, na siku moja atakuwa ameahidi kitu mbele ya watu wengine. Atakuwa anataka chupa yake ya maji ya ziwa. Vifaa vitakuwa kimya, au vitakuwa vinapiga kelele za kuudhi na mtu atakuwa amevizima. Naye atakwambia, Ifrah, shuka, dakika tano tu.

Namjua mtu huyo. Hana nia mbaya. Anakupenda hata.

Mkatalie. Mkatalie kwa sauti, mbele za watu, umwaibishe. Kuwa mtu mbaya. Mimi nilikulea uheshimu wakubwa na sasa nakwambia kule juu heshima hiyo iache chini na viatu vyako vya Idd. Wakisema mlima umetulia, uliza umetulia kwa sababu umepumua au kwa sababu umezibwa. Wewe mwenyewe ndiye uliyewaeleza wageni wangu tofauti hiyo kwa birika langu. Na siku ikifika zamu yako kuwa mkubwa, usimwite kushika bomba mtu anayekuja kwa sababu anakupenda. Huyo hatauliza presha ni ngapi.

Na lingine. Ikija habari mbaya kutoka huko, wazee watakuja hapa barazani wakae wanipe pole, waseme ni qadar. Sitaitikia. Nimeshaitikia mara moja na inatosha. Nitawaambia Mungu ameandika, lakini nataka jina la aliyemtuma chini. Nitapanda ndege na miguu yangu hii mibovu nije nimuulize.

*

Nilikuwa nimeishia hapo. Nikakunja kurasa, nikaona nitazitia kwenye begi lako na mambo yamekwisha. Halafu nikazitazama. Nilikuwa tayari kukwambia wewe, unayeondoka kesho, ubebe habari hii uende nayo ng'ambo ya bahari, huku mwenye jicho anakaa chumba cha pili na hajui. Hata kukiri kwangu kulikuwa kwa ujanja. Mkarudi kutoka sokoni, sanduku jekundu, mkalisifu, sikusikia mlichosema.

Baada ya magharibi nikampelekea. Alikuwa kwenye meza yake ya kutengeneza simu, na ya mteja mmoja imefunguliwa kioo. Nikaziweka kurasa juu ya meza na kusimama mlangoni. Alisoma akifuata mstari kwa kidole kama alivyofundishwa. Alipofika pale nilipoufungua waya alirudi juu, akasoma tena. Kisha akaendelea mpaka mwisho, akazipanga kurasa vizuri, akanirudishia.

Unajua hawezi kupima sauti yake. Alisema kwa nguvu, na nyumba nzima ikasikia: "Umeniacha nimshukuru Mungu miaka yote hii kwa kazi ya mkono wako."

Nilisema nisamehe. Alikuwa ananitazama mdomo, kwa hiyo najua alilipata neno. Alisema, "Kesho steji usije. Nitampeleka mimi."

Nikamwambia, "Ni binti yangu, Dahir."

"Ndiyo," akasema. "Na jicho lilikuwa langu."

Amechukua mkeka wake amekwenda kwa jirani. Hooyo wako yuko jikoni na hataki kunitazama, bado hajui hata akasirike na yupi. Wewe uko kwa Halima ukiaga, ndiyo maana ukirudi utakuta nyumba imenyamaza na hutaelewa. Soma hii kabla hujauliza mtu.

Kwa hiyo asubuhi basi litaondoka bila mimi kuwa pale. Nilitaka kubishana, nilikuwa na maneno mengi na yote yalikuwa makali, na nimeyameza. Ni haki yake. Ni kitu cha kwanza alichonidai tangu siku ile, na sitamnyima. Utamwona amesimama dirishani kwako, atakuwa amevaa ile kanzu ya Idd, na usimwambie maneno ya kumtuliza. Mwache akasirike. Hajawahi kupata nafasi.

Radhi yangu unayo, yote, sikubakiza. Hasira yangu pia unayo. Usiitupe moja ukachukua nyingine, huko unakokwenda utazihitaji zote mbili.

Ukifika, ujumbe wa kwanza mwandikie adeer wako. Mimi usiniandikie mpaka yeye awe amekujibu.

Aabo